Lami Kabla ya Mgeni Rasmi

Ilitangazwa, na kila mwenye macho alibandikiwa asome, kwamba barabara mpya ya lami inayoshuka kutoka miteremko ya Mlima Meru hadi Kikatiti itafunguliwa rasmi siku ya Jumatatu, tarehe 19 Agosti 1996, saa nne kamili asubuhi. Kwamba mpaka saa hiyo ni marufuku gari, pikipiki, baiskeli, mkokoteni, punda au mguu wa binadamu kugusa lami hiyo. Na kwamba tairi la kwanza kupita juu yake litakuwa la gari la mgeni rasmi. Tangazo lilipigwa mhuri mara mbili, kwa kuwa wa kwanza haukukolea, likabandikwa kanisani, kwenye ghala la ushirika na kwenye mlango wa kilabu cha pombe. Punda hawakubandikiwa popote.

Nakala ya nne alipewa Swabaha binti Said wa Kaloleni, mjini Arusha, kwa sababu ndiye aliyeitwa kupiga video ya sherehe hiyo. Alipewa pamoja na mkanda mmoja mdogo wa dakika thelathini, mpya, ungali ndani ya nailoni yake. Kamati ya maandalizi ilikadiria kwamba sherehe nzima itaenea humo. Kamati ilikuwa haijawahi kumsikia mgeni rasmi akihutubia.

Swabaha alisoma tangazo mara mbili, akalikunja, akalitia kwenye mfuko wa kamera, na papo hapo akaanza kuota. Kilomita tatu za lami ambayo hakuna aliyeikanyaga. Aliiona ikiwa nyeusi, imelala kati ya migomba kama kitambaa kipya kilichokunjuliwa dukani, na juu yake mtu anapita bila kupiga hatua.

Alikuwa na miaka ishirini na saba, na kwa miaka saba alikuwa amepiga video za harusi. Kamera ilikuwa ya baba yake mdogo, Abasi, aliyeileta kutoka Dubai miaka ile serikali ilipoachia kila kitu kiingie nchini na kubaki na matangazo. Abasi alipiga upande wa wanaume: sheikh, mashahidi, wazee wakila pilau kwa heshima. Tatizo lilikuwa ndani. Chumba cha wanawake mwanamume haingii, na kamera peke yake haitembei. Ndipo Abasi alipomtazama binti wa kaka yake aliyekuwa amekaa pembeni akifuma vitambaa ambavyo hakuna aliyevihitaji, akamwambia, "Wewe Swabaha, mkono wako hautetemeki. Njoo hapa."

Kazi ile ina utaratibu, na Swabaha aliufuata kama wengine wanavyofuata sala. Bibi harusi haanzi na uso. Unaanza na miguu, hina ikiwa bado inang'aa, kisha pindo la nguo, kisha mikono, kisha unasubiri. Uso hauonyeshwi mpaka somo, yule mwanamke mtu mzima anayemwongoza, aukunjue ushungi kwa mkono wake. Mpiga picha anatembea kinyumenyume muda wote huo, magoti yamelegea, kati ya masinia ya ubani na watoto waliolala mkekani, na asimkanyage hata mmoja. Halafu mkanda unarudi kwa mwenyewe, mzima, bila kukatwa hata sekunde, na hakuna nakala inayobaki. Hiyo ndiyo iliyokuwa sifa ya Swabaha mjini: hakati na habaki na kitu.

Ambayo maana yake ni kwamba baada ya miaka saba hakuwa na hata picha moja ya kwake.

Sasa, huyo mtu anayepita bila kupiga hatua hakuwa wa ndotoni peke yake. Alikuwa anaitwa Gerson, na aliuza viatu vya mitumba soko la Kilombero. Mwaka uliotangulia alikuwa amefungua belo lililoandikwa, kwa lugha ya kwao huko, viatu mchanganyiko, akakuta katikati ya raba mbao mbili fupi zilizopinda ncha, kila moja na magurudumu manne ya plastiki. Soko lilitoa maoni yake. Mmoja alisema ni za kusogezea friji. Mwingine alisema ni za wagonjwa. Gerson aliziona siku moja kwenye banda la video, mwishoni mwa filamu ya mateke, pale mkanda ulipobaki na vipande vya kitu kingine ambacho mwenye banda hakukizima: vijana wa Kizungu wakiteleza juu ya ngazi. Kuanzia hapo, kila Ijumaa saa za sala ya adhuhuri, soko likipungua watu, alikwenda kwenye jengo moja ambalo halijaisha, akateleza juu ya sakafu ya saruji kati ya nguzo.

Hapo ndipo Swabaha alipomwona, akipita na kamera yake kuelekea harusini. Alisimama. Miguu ya kijana ilikuwa imetulia, kiatu kimoja cheupe na kimoja cha bluu, maana raba nzuri kuliko zote katika belo lile zilikuja bila wenzake. Na mwili wote ulikuwa unakwenda. Kwa miaka saba alikuwa amewaambia mabibi harusi watembee hivyo, taratibu, kana kwamba sakafu ndiyo inayosogea, na hakuna hata mmoja aliyeweza. Harusini alifika akiwa amechelewa, kwa mara ya kwanza.

"Nataka nikupige video," alimwambia Gerson wiki iliyofuata.

"Nani kakutuma, dada?"

"Hakuna."

Gerson alicheka. "Basi hiyo itakuwa kazi ngumu."

Ilikuwa ngumu kweli. Sakafu ya jengo lile ilikuwa na urefu wa hatua kumi na nne, na barabara za mji zilikuwa na mashimo yaliyokuwepo kabla ya magari. Wakasubiri. Halafu, wiki ile ile tangazo lilipotoka, Abasi alimwita Swabaha barazani akamweleza kwa upole kwamba biashara ya video imekwisha, siku hizi kila mwenye shemeji Dubai ana kamera, na mustakabali wa nchi uko kwenye mashine ya fotokopi. Kamera ilikuwa imepata mtu wa Moshi. Angekuja kuichukua Jumatatu, pale pale Kikatiti, sherehe ikiisha.

"Umeniuliza, baba mdogo?"

"Sasa si ndiyo nakuuliza?"

Kwa hiyo ilibaki siku moja, Jumapili; barabara moja, iliyokatazwa; na mkanda mmoja, wa serikali. Mikanda mingine yote nyumbani ilikuwa ya maharusi wa watu, na hiyo haiguswi. Swabaha alipanga hivi: apige Jumapili asubuhi watu wakiwa kanisani, mchana auhamishe mkanda kwa Tunu, rafiki yake mwenye banda la video na deki mbili, kisha Jumatatu arudishe mkanda mwanzo na kupiga sherehe juu yake. Mpango haukuwa na kasoro. Ulitegemea tu umeme wa Arusha.

Jumapili ile ukungu ulikuwa umeshuka mpaka kwenye kahawa. Mlima haukuonekana, ulisikika tu, maji yakitiririka mahali fulani juu, na kwaya ikijaribu sauti zake kanisani. Walipofika barabara inapoanzia walimkuta mzee Sumari, mlinzi wa lami, amekaa kwenye kigoda na rungu mapajani.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba. Simameni hapo hapo. Miguu iishie kwenye changarawe."

"Mzee Sumari, ni mimi, Gerson wa Elisaria."

"Najua. Nilikuwepo ulipobatizwa, ulilia kama mbuzi. Mbona huko ibadani?"

"Na wewe je, mzee?"

"Mimi nalinda lami, mchungaji ana habari. Hicho ulichobeba nini?"

"Ubao."

"Una magurudumu."

"Kabati la mchungaji nalo lina magurudumu, mzee. Hakuna aliyeliita gari."

Mzee Sumari alitoa tangazo kwenye koti, akavaa miwani, akasoma kwa kidole. "Gari. Pikipiki. Baiskeli. Mkokoteni. Ehee! Huu ni mkokoteni."

"Mkokoteni una mikono. Mikono ya huu iko wapi?"

"Na hapa: tairi la kwanza."

"Tairi lina upepo. Hebu bonyeza."

Mzee alibonyeza. Kisha akalizungusha gurudumu kwa kidole gumba, nalo likazunguka muda mrefu, na yeye akalisubiri lisimame, kama mtu anayemwacha mwenzake amalize kusema.

"Ubao haumo," alikiri. "Lakini mguu wa binadamu umo. Ukiigusa lami kwa mguu nakukamata, hata kama nilikula kuku wa ubatizo wako."

"Sasa nitaanzaje kwenda, mzee? Tena breki yenyewe ndiyo mguu!"

"Hilo lako. Tangazo sikuandika mimi."

Swabaha alinyanyua kamera, akamlenga mzee. Mzee Sumari alivua miwani, akaweka sawa kofia, akanyanyuka na rungu begani.

"Hii inakwenda Dar?"

"Inakwenda ofisini, mzee."

"Basi nipige na buti," alisema, akasimama wima. Swabaha akampiga kama anavyopigwa baba wa bibi harusi, kuanzia buti kupanda juu, dakika mbili nzima, kwa sababu mwenye mlango hupigwa kwanza. Baada ya hapo mzee alikuwa mtu wa harusi. Ndiye aliyesema kwamba yeye akisimama kwenye changarawe na kuwasukuma, hakuna mguu wowote utakaokuwa umegusa kitu.

Swabaha alikunja baibui lake vizuri, akaketi juu ya ubao wa pili, mgongo ukitazama bonde, uso ukimtazama Gerson. Walikuwa wamefunga kanga mbili ncha kwa ncha. Upande mmoja kwenye ubao wake, upande mwingine mikononi mwa Gerson, ili wasiachane.

"Dada, wewe unakwenda kinyumenyume," Gerson alisema. "Huoni mbele."

"Sijawahi kuona mbele," alijibu. "Nishikie kanga vizuri."

"Nisukume kwa nguvu?" aliuliza mzee.

"Kwa upole, mzee! Sisi si ng'ombe," alisema Gerson.

Akawasukuma.

Kwanza hakukuwa na sauti. Ndicho alichokumbuka daima Swabaha, kwamba dunia ilikuwa imezoea kuguruma chini ya kila kinachokwenda, na sasa ilikuwa imenyamaza. Lami mpya ilinuka kama kalamu ya wino. Kwenye kioo kidogo cha kamera alikuwa na raba mbili tu, nyeupe na ya bluu, zimetulia, na chini yake weusi ukimiminika. Migomba iliingia kwenye picha ikitokea mabegani mwake, kushoto na kulia, ikanyoosha majani, ikarudi nyuma na kuzama kwenye ukungu. Kila alichokiona kilikuwa kimeshapita. Kwaya ilikuwa imepata sauti zake, ikasikika upande mmoja, kisha ikahamia upande mwingine, kana kwamba kanisa ndilo lililokuwa safarini.

Alipanda na kamera hadi kwenye pindo la suruali. Alikaa hapo muda wa kutosha. Kwenye kona ya pili ubao wake ulianza kuvuta pembeni, kuelekea mtaroni, na akaona kiatu cha bluu kikishuka na kuigusa lami, kwa kisigino, mara moja, kama mtu anayepima joto la maji. Kanga ikakazika. Wakarudi katikati. Ng'ombe mmoja, peke yake chini ya mti wa kivuli shambani, aligeuza kichwa kuwafuata mpaka walipoisha.

Kisha mikono: vidole vya Gerson vimeshika kanga, na kanga yenyewe imenyooka kutoka chini ya picha mpaka kwake, nyekundu, urefu wake wote, ikipepea kingo. Kisha akasubiri. Mpiga picha mwingine yeyote duniani angekuwa ameshaonyesha uso wa mtu yule tangu juu kule. Swabaha hakuweza. Gerson alikuwa amevaa sweta lenye kofia, kwa ajili ya baridi, na kofia ilikuwa imemfunika mpaka kwenye nyusi, na somo hayupo, na bila somo uso haufunguliwi. Akabaki na mikono. Akabaki nayo kilomita nzima. Alianza kufikiri kwamba watafika chini bila uso, na kwamba ingekuwa sawa.

Ukungu uliisha ghafla, kama chumba kinavyoisha. Jua likaingia, mteremko ukaongezeka kidogo kabla ya tambarare, upepo ukapanda kutoka bondeni na kuisukuma ile kofia nyuma, polepole, mpaka mabegani. Kamera ilikuwa tayari imefika usoni. Gerson alikuwa anatabasamu kwa namna ambayo mtu hawezi kutabasamu akiombwa, na macho yake yalikuwa yametoka machozi ya baridi.

Tambarare ilipofika mbao zilichoka zenyewe, zikasimama hatua chache kabla ya jukwaa lililokwisha kupambwa kwa majani ya migomba. Kanga ikalala chini.

"Imeisha?" aliuliza Gerson.

"Usiongee," alisema Swabaha. "Bado inaandika."

Mchana huo umeme wa Arusha ulikatika. Tunu alikaa mlangoni mwa banda lake na deki zake mbili zikiwa zimekufa, akasema mgao umebadilishwa ratiba, na kwamba ratiba mpya itatangazwa. Swabaha alisubiri mpaka magharibi. Akarudi nyumbani na mkanda ndani ya pochi, na humo ndani dakika kumi na moja ambazo hazikuwa na nakala popote duniani.

Jumatatu saa nne kamili, yaani saa sita na robo, mgeni rasmi aliwasili. Afisa wa wilaya, mtu mwembamba aliyekuwa na filimbi, alimjia Swabaha. "Dada wa video, mambo mengine yote tutasamehe. Tairi la kwanza usilikose."

"Sawa, mkuu."

Kurudisha mkanda mwanzo ni kitufe kimoja. Aliweka kidole gumba juu yake. Akifanya hivyo, sherehe yote ingeenea, au karibu yote, na kazi ingekuwa safi kama kazi zake zote. Alikiacha kidole hapo wakati kwaya inaimba. Alikiacha wakati wa sala, ya Kilutheri na ya Kiislamu. Halafu akakiondoa, akabonyeza kitufe cha jirani, na mkanda ukaendelea kutoka pale ulipoishia.

Zilikuwa zimebaki dakika kumi na tisa. Mgeni rasmi alianza na hali ya barabara wakati wa Wajerumani. Alipoingia enzi za Waingereza kamera ilitoa mlio mdogo, taa yake nyekundu ikazimika. Swabaha alifumba jicho la kushoto, akaendelea. Alipiga uhuru, alipiga azimio, alipiga mageuzi ya uchumi, vyote kwa kamera iliyolala. Utepe ulipokatwa alikuwa pale, magoti yamelegea. Gari jeupe lilipopanda juu ya lami alilifuata kwa mkono usiotetemeka, kuanzia tairi, mpaka likapotea kwenye kona. Kwa miaka saba hakuwa amemkosa bibi harusi hata mmoja. Huyu alimwacha apite.

Mzee Sumari alimsogelea, koti limepigwa pasi. "Binti. Uliyeona ni wewe. Mguu uligusa?"

"Kiatu kiligusa, mzee. Mguu ulikuwa ndani."

Mzee alilifikiria hilo kwa uaminifu, akarudi mahali pake.

Mtu wa Moshi aliichukua kamera hapo hapo, akilitazama tundu la mkanda kama mtu anayekagua meno ya punda. Mkanda wenyewe Swabaha aliuombea siku mbili za kusafishwa. Umeme ulirudi Jumanne. Akahamisha dakika kumi na moja kwenye kaseti kubwa, kwa Tunu, mlango umefungwa. Angeweza wakati huo kuzifuta kwenye mkanda wa ofisi. Tunu alimwambia azifute. Lakini mkanda wa mtu unarudi kwake mzima, na Swabaha hakuwa na utaratibu mwingine. Jumatano akaupeleka wilayani, akapewa stakabadhi.

Leo anatoa fotokopi karibu na stendi, na Gerson ana duka la viatu lenye mlango wa kioo. Kaseti ya Swabaha hutoka mara chache, kwenye vyumba vya wanawake, wakati bibi harusi anakaushwa hina na hakuna la kufanya. Mara ya kwanza kabisa, kikongwe mmoja aliuliza bibi harusi mwenyewe ni nani. Swabaha alimwambia asubiri, na uso ulipofunguka kikongwe akapiga kigelegele.

Mkanda ule mwingine uko kwenye kabati la chuma la ofisi, umeandikwa kwa wino mwekundu UFUNGUZI RASMI, TAIRI LA KWANZA. Ofisi haikuwa na deki. Ilipoipata, baada ya miaka minne, wakuu walikusanyika kuutazama, wakamwona mzee Sumari na buti zake, kisha kijana akishuka kwenye ukungu na kanga nyekundu mikononi, kisha hotuba, ambayo hawakuitazama mpaka mwisho. Ilikubaliwa kwamba burudani ya ufunguzi ilipangwa vizuri. Kwenye kona ya chini, kulia, katika dakika kumi na moja za mwanzo, kuna tarakimu ndogo nyeupe zinazosomeka 18.8.1996.